Uso wa Kizimbani

Kesi ya cherehani ya Mama Uzi ilikuwa imepigwa kalenda mpaka kalenda zenyewe zikachoka. Leo upelelezi haujakamilika, kesho askari shahidi kahamishwa, keshokutwa hakimu yuko semina. Khaa! Fundi wa watu akalizoea benchi la korido ya mahakama kuliko kiti cha dukani kwake.

Alfajiri ya wizi alimkuta mwizi anatoka dukani na mashine begani, akammulika tochi usoni. Mchana wake polisi wakamkamata kijana mmoja mrefu, mwembamba, kama alivyoeleza. Mashine haikuonekana. Wala polisi hawakumwita Mama Uzi kituoni amtambue kijana yule. Walisema atamtambua mahakamani. Basi kila kesi ikitajwa, kijana akipitishwa na pingu kwenye korido kwenda kizimbani, humwambia, "Shikamoo, mama." Mama Uzi hugeukia ukutani. Mwizi umwitikie, ana adabu gani?

Kumbe huko juu nako wamechoka. Mahakama Kuu ikashusha agizo: kesi za jinai zilizolala mahakama za chini zimalizwe upesi, na hakuna kuahirisha ovyo. Asubuhi hiyo karani akatokeza kichwa mlangoni. "Leo tunasikiliza kweli. Mashahidi msiende mbali."

"Si ulikuwa unalia haki inachelewa?" shemeji yake akamtania. "Haya, imekuja mbio. Kamnyooshee kidole twende zetu, njaa inauma."

Mama Uzi hakucheka. Tangu asikie habari za agizo hilo, alikuwa akifumba macho amtafute yule mwizi wa alfajiri, na kila akimpata, anamkuta kashika vyuma vya kizimba, anapiga miayo. Jamani, mtu aliyebeba mashine atashikaje vyuma? Hofu ikamwingia. Neno lake moja ndilo lingemfunga kijana yule, na yeye hakuwa tena na hakika nalo.

Akaapishwa. Mwendesha mashtaka akamuuliza, "Unamfahamu mshtakiwa?"

"Namfahamu sana."

"Ulimwona wapi?"

"Hapa."

Shemeji akakohoa. Hakimu akaweka kalamu chini. "Hapa wapi, mama?"

"Hapa hapa, mheshimiwa, kizimbani. Nimemwona akiwa hana hata ndevu, nikaziona zikiota. Mngeniuliza wiki ile ile ningewajibu bila kusita. Sasa uso wa huyu umeufunika wa yule. Sina wa kumlaumu, lakini kuapa siwezi."

Mwendesha mashtaka hakuwa na shahidi mwingine aliyeona kitu. Hakimu akaandika kwa muda mrefu, kisha akasema mshtakiwa hana kesi ya kujibu, aachiwe.

Nje, shemeji alikuwa anafoka. "Na kama ndiye?"

"Na kama siye?"

"Nimekuuliza kama ndiye!"

 Machozi yakamtoka Mama Uzi, hasira na uchungu pamoja, kwa ajili ya mashine yake, na kwa miaka aliyokaa mahabusu yule mtoto wa watu, kama kweli hakuiba.

Kijana akatokea mlango wa mbele, mikono mitupu, anafinya macho kwa jua. Akamwona, akasita, kisha akasogea.

"Shikamoo, mama."

Mama Uzi akamtazama usoni kwa karibu, juani, paji la uso, pua, kidevu, akitafuta. Hakupata kitu.

"Marahaba, mwanangu," akaitikia.