Jina la Mama wa Bukama

Mtoto wa Mira alikuwa na miezi miwili na bado aliitwa Bebe tu, utadhani wazazi wake walimpata jana na wangali wanashangaa. Sababu ilikuwa Nkambo Ndaya, bibi yake Mira. Kabla mtoto hajazaliwa, Nkambo aliota mwanamke akiingia nyumbani kwao hapa Kamina na samaki wawili wabichi, akakaa jikoni bila kukaribishwa. Alimtambua papo hapo: mama wa bibi yake yeye Nkambo, aliyetoka Bukama kuja kuolewa, fundi wa kusuka vitunga. Huyo ndiye anayerudi, alisema, na mtoto atabeba jina lake, ila atalitaja siku ya kuzaliwa. Wiki moja baadaye ugonjwa ukampiga Nkambo upande wa kulia. Mkono ukalala, na lile jina likaondoka.

Maneno mengine yalirudi, polepole. Jina halikurudi. Dada zake walikuwa wamekufa wote, hakubaki mtu wa kuulizwa.

Sasa ilikuwa Alhamisi, na ubatizo ni Jumapili. Nicodème, mumewe Mira, karani anayeumwa akiona karatasi ina nafasi tupu, alisimama mlangoni.

"Mira, pasteur anaomba jina leo mangaribi. Tuandike Plamedi, tumalize. Iko jina ya Mungu."

"Mungu hatasahaulika, Nico. Ule mama njo atasahaulika."

Nicodème alikuna kichwa. "Basi mpaka saa kumi na moja," akasema, akapanda baiskeli yake.

Mira aliogopa, na si kidogo. Jina jingine likiandikwa, yule mama atakuwa amepotea kabisa, kama hakuwahi kuwasha moto katika ukoo huu.

Sombe ya majani ya muhogo ilikuwa ikichemka juu ya mbabula ya makaa. Kando yake, mkekani, Nkambo alikaa na kitunga cha kupakulia bukari, yaani ugali, alichokianza kabla ya ugonjwa, akikipapasa kwa mkono wa kushoto. Hapo Mira akakumbuka. Zamani Nkambo hakusimulia habari za ukoo mikono ikiwa mitupu. Alizisimulia akisuka, kila mzunguko na mtu wake. Akaenda kukaa ubavuni mwake, upande uliokufa.

"Nkambo, shika vijiti. Leo minyi niko mukono yako ya kuume."

Walianza. Nkambo alishikilia vijiti, Mira akapitisha uzi wa rafia, mbele ya kimoja, nyuma ya kinachofuata. Mzunguko wa kwanza ulipita kimya. Wa pili, Nkambo akasema, "Mwila." Wa tatu: "Nyembo. Ule alipenda chumvi mingi."

Mira akasogea karibu zaidi. Mara sombe ikafurika, akageuka kufunua sufuria, na mkono wake, bila kutazama, ukazungusha uzi mara mbili kwenye kijiti kimoja.

"Mujinga!" Nkambo alipiga kelele.

Mira aliganda. Miezi miwili hajalala vizuri, yeye mwalimu mwenye watoto hamsini darasani, leo anaambiwa hana akili kwa ajili ya uzi! Machozi yakamtoka.

"Nkambo, unanitukana juu ya kamba?"

Akaanza kuufumua. Nkambo akampiga kofi mkononi.

"Acha! Mujinga!"

"Nimesikia, Nkambo!"

Lakini bibi yule alikuwa akicheka na kulia kwa pamoja. Aliweka kidole pale uzi ulipojizungusha mara mbili, kisha akakizungusha kwenye shingo yake mwenyewe, kisha akamnyooshea Bebe aliyelala mkekani.

"Kamba ya kitovu. Mu shingo. Ule mama... alizaliwa vile. Mujinga!"

Mira akashika mdomo. Katika Kiluba, Mujinga ni mtoto aliyezaliwa kamba ya kitovu imemzunguka shingoni, na jina lake hutamkwa kwa heshima. Darasani kwake walikuwa wawili, aliwaita kila asubuhi bila kucheka. Ila leo, kwa uchovu na hasira, alikuwa amesikia Kiswahili tu. Akamkumbatia Nkambo, wakalia wote, na sombe ikaungua chini.

Saa kumi na moja Nicodème alirudi, akasikia jina, kalamu ikasimama hewani.

"Mujinga? Bantu batacheka."

"Bacheke. Mujinga wa leo iko minyi. Mutoto, yeye iko na jina."

Nicodème akaliandika, kwa herufi kubwa.

Uzi ule hawakuufumua. Jumapili, baada ya kanisa, bukari ililetwa katika kitunga kipya chenye kinundu karibu na ukingo, pamoja na samaki wa Bukama. Nkambo alikaa mahali pake, akanyoosha mkono wa kushoto, akaita kwa sauti ambayo hawakuwa wameisikia tangu ugonjwa:

"Mujinga, kuya hapa!"

Mira na mtoto wakageuka wote wawili.