Mbali na Wapi

Kilichomshangaza Nadine si kwamba Djuma alilipwa kumzidi. Duniani watu hulipwa kuzidiana, na mara nyingi kuna sababu. Kilichomshangaza ni hiyo sababu, alipoitafuta mpaka akaipata: Djuma alikuwa akipewa nyongeza ya umbali. Na Djuma aliishi karibu na biro, yaani ofisi yao, kiasi kwamba mama yake akimwita kutoka jikoni, watu wote wa biro waliinua vichwa.

Waliajiriwa siku moja na idara ndogo ya serikali iliyoshughulikia mbegu, yenye biro yake ng'ambo ya soko la Kabambare. Wote wawili walikuwa na shahada ya kilimo, na daraja lao lilikuwa moja. Kazi nayo ilikuwa moja: kuzunguka mashambani kwa pikipiki, kusikiliza wakulima, kurudi na vumbi.

Tofauti ilianzia kwenye swali moja waliloulizwa siku ya kuandikishwa. Wewe ni wa wapi? Katika nchi ile hakuna anayejibu swali hilo kwa kutaja mahali alipozaliwa. Unataja pale walipozikwa baba wa baba yako, hata kama hujawahi kupakanyaga. Djuma alizaliwa Kabambare, duka la baba yake likiwa pale pale sokoni, lakini ukoo wao ni wa Waislamu wa mjini Kasongo, kwa hiyo alijibu, "Kasongo." Nadine alizaliwa Kasongo na kulelewa Kasongo na mama yake, lakini marehemu baba yake, Christophe, alikuwa Mbangubangu wa Lusangi, katika teritwari, yaani wilaya, ya Kabambare. Kwa hiyo alijibu, "Kabambare." Kila mmoja alisema kweli, na kweli hiyo ikaandikwa.

"Kumbe mimi ndiye niko kwetu," alisema Nadine.

"Uko kwenu kabisa," alisema Djuma, akitafuna karanga. "Mimi ndiye mugeni. Unionee huruma, dada."

"Na mama anayekuletea sahani ya sombe kila saa sita?"

"Ule ni mama ya mugeni."

Nadine alicheka, maana Djuma alikuwa mtu wa kucheka naye. Lakini jioni ile, katika chumba alichopanga kwa mfanyabiashara mmoja, hakucheka. Kodi ya chumba, chakula cha kununua na pikipiki za kwenda mashambani vilikuwa vikiumaliza mshahara kabla mwezi haujaisha. Bila ile nyongeza, ingembidi aombe kurudishwa Kasongo kabla mahindi hayajakomaa. Na hakutaka kurudi. Kule angekuwa mtu mmoja zaidi kwenye benchi la biro lililojaa. Hapa wanawake walikuwa wameanza kumletea maharagwe waliyoyafunga kwenye pembe za vitenge vyao, wakimuuliza ni yapi yatakayostahimili mvua.

Kesho yake akaenda kwa mkuu wa biro, Mama Albertine, mwanamke mpole aliyevaa miwani iliyofungwa kwa uzi.

"Mwanangu, mushahara ya serikali iko na miguu mbili," alisema Mama Albertine. "Mumoja ni daraja. Ile ni yako: masomo yako na miaka yako ya kazi. Ukienda Kindu, ukienda Kinshasa, inakufuata. Wa pili ni pahali. Pahali haifuati mutu. Ukiondoka, ile nyongeza inabaki hapa, inangojea mwingine."

"Nimeelewa, mama. Sasa hii mbali, ni mbali na wapi?"

Mama Albertine alivua miwani. Katika miaka yake yote ya kazi, watu walikuwa wamemuuliza kiasi gani na lini. Hili hakukumbuka kuulizwa.

"Mbali na kwenu," alisema hatimaye. "Aliyeandika ile sheria alifikiri hivi: mutu akiwa kwao, hanunui kila kitu. Iko na shamba ya baba. Iko na nyumba ya ndugu. Akigonjwa, kuna wa kumuchotea maji. Mugeni ananunua mupaka chumvi. Basi serikali inamusaidia."

"Lakini mama, mimi nanunua chumvi."

"Minaona, mwanangu."

Njia moja ilikuwapo, akaeleza. Mtu wa asili ya pale asiye na jamaa wa kumtunza angeweza kutangaza hivyo, akahesabiwa mgeni. Ila mkubwa mmoja wa ukoo wa baba yake alitakiwa kuja kushuhudia, mbele ya mkuu wa biro, kwamba kweli mtu huyo hana jamaa pale.

Nadine aliligeuzageuza jambo hilo kichwani. "Yaani ili nionyeshe kwamba sina ndugu, nilete ndugu."

"Sikuiandika mimi," alisema Mama Albertine, akivaa miwani yake.

Nyuma ya mlango, Djuma alipaliwa na karanga.

Jumamosi Nadine akachukua pikipiki kwenda Lusangi. Njiani alijaribu kumkumbuka dada mkubwa wa baba yake, Shangazi Marguerite, aliyefika Kasongo wakati wa matanga ya baba. Alichokumbuka ni mikono tu, mikono mikubwa yenye harufu ya moshi, ikimnyanyua kutoka kwenye mkeka. Baadaye barabara zilikatika kwa vita, watu wakatawanyika, na habari zikapoa. Tangu aajiriwe hakuthubutu kwenda. Angefika na nini mkononi, na kujieleza kwa nani?

Hakuhitaji kujieleza. Mwanamke mrefu aliyekuwa akianika muhogo juu ya mwamba aliinua macho, akamtazama kwenye paji la uso, akasema, "Christophe." Alisema hilo tu. Halafu akajipangusa mikono, akamkumbatia, na harufu ya moshi ilikuwa ile ile.

Kuku alichinjwa, bugali ikasongwa, majirani wakaitwa kuja kumtazama mtoto wa marehemu. Watu walipopungua, maswali yakaanza.

"Uko Kabambare tangu lini?"

"Tangu mvua za kwanza, shangazi."

"Na unalala kwa nani?"

"Napanga."

"Unapanga." Shangazi Marguerite alilirudia neno hilo kama mtu aliyeng'ata jiwe kwenye mchele.

Nadine akaeleza yote: daraja, mahali, nyongeza, shahidi. Alifikiri mama yule atachoka haraka, lakini alimsikiliza akiwa ameinama mbele, mara kwa mara akimkatiza. "Hii mbali wanapimaka na nini, na kamba?" Na tena, "Ule Djuma, mama yake anamupikia, na bado iko mugeni?"

"Kama ni hiyo tu, nitasema," alisema. "Maneno haiuzwi. Twende Jumatatu."

Jumatatu alivaa kitenge chake cha kanisani. Motari, mwendesha pikipiki, alimketisha Nadine katikati na shangazi nyuma, amemshika mpwa wake kiunoni. Njia ilikuwa ya matope, na kwenye kila mteremko shangazi aliyajaribu maneno yake.

"Huyu mutoto hana mutu hapa." Mara ya kwanza wote watatu walicheka. Mara ya pili motari peke yake ndiye aliyecheka. Mara ya tatu shangazi aliyasema polepole, kwa bidii ya mtu anayesoma sala asiyoijua, na Nadine aliyasikia yakimgonga mgongoni huku ile mikono ikiwa imemkaza tumboni asianguke.

Walipofika biro, Mama Albertine aliwakaribisha viti. Akatayarisha karatasi.

"Mama, wewe ni nani kwake?"

"Shangazi yake. Baba yake alinifuata, titi moja."

"Na unashuhudia nini?"

Shangazi Marguerite akasimama wima. Mkono wake wa kushoto, bila yeye kujua, ulikuwa ukitoa tope kavu kwenye ukosi wa blauzi ya Nadine.

"Nashuhudia huyu mutoto hana mutu hapa," alisema. Sauti haikuwa ile ya njiani.

Kalamu ikagusa karatasi. Nadine alikuwa ameingoja dakika hiyo kwa wiki nzima, na sasa ilipofika aliona aibu, kama vile amemvua mtu nguo hadharani.

"Usiandike, mama," alisema.

"Kwa nini?"

"Si kweli."

"Na ulipokuja kuniuliza, ilikuwa kweli?"

"Nilifikiri ni kweli."

"Dada," alisema Djuma kutoka mlangoni, "pokea feza kwanza. Ukweli utakuja nyuma na miguu."

"Djuma, kaangalie mbegu zako," alisema Mama Albertine bila kugeuka. Kisha kwa Nadine, taratibu: "Unajua nikiacha kuandika, nyongeza haiko. Wala mwaka huu, wala ule mwingine."

"Najua, mama."

Alijua. Alikwisha kuliona benchi la Kasongo.

Shangazi Marguerite alikuwa bado amesimama. "Mama shefu, unisamehe. Ile sababu ya kumunyima, niambie wewe mwenyewe. Mutoto aliniambia, lakini nilikuwa nasikia sauti ya baba yake tu."

Mama Albertine akarudia: shamba la baba, nyumba ya ndugu, mtu wa kuchota maji.

"Kumbe serikali ilijua sisi ndio tunamutunza."

"Ndivyo inavyofikiri, mama."

"Basi ilitutuma kazi, na hakuna aliyetuletea habari." Akamgeukia Nadine. "Octave, mutoto wangu, iko na nyumba hapa hapa, nyuma ya kanisa. Chumba moja imejaa vitunga tu. Muhogo tunamutumia kila juma, tukiongeza mbili tatu ya kwako haitashinda motari. Kwa nini unamupa mutu mwingine kodi?"

"Shangazi, sikuja kuwaomba..."

"Najua. Ulikuja tukukane." Alisema bila hasira, akifunga kitenge chake upya kiunoni. "Sasa inuka. Nionyeshe pale unalala. Godoro iko na mubebaji?"

Mbebaji alikuwa Djuma. Hakuna aliyemwomba. Aliliweka kichwani na kukata kushoto nyuma ya duka la dawa, kwenye kijia ambacho Nadine hakuwahi kukiona tangu afike.

"Wewe ni wa wapi, baba?" aliuliza shangazi, akimfuata nyuma.

"Kasongo, mama."

"Na njia za hapa unazijua hivi?"

"Mugeni anazoea, mama."

Shangazi akaguna. Nadine alikuwa wa mwisho, amebeba sufuria na ndoo, akifikiria jambo alilokuwa ameliona Jumamosi kando ya ule mwamba wa muhogo na kusahau kuliuliza.

"Shangazi, yale maharagwe meusi yenye doa, mnapanda kabla ya mvua au mvua ikianza?"

"Kabla," alisema shangazi. Akatembea kidogo. "Baba yako alikuwa anapenda kuyapanda mvua ikianza, na yalikuwa yanaoza kila mwaka. Ngoja tufike, nitakuambia kwa nini alikuwa hasikii."