Kitoweo cha Waungwana

Asubuhi hiyo Hester Garrod hakutaka mchezo na dagaa. Alikuwa amewafungua kutoka kwenye chumvi yao, akawasuuza, akawalaza kwenye maziwa, akawapangusa kwa kitambaa safi, na sasa alikuwa amesimama jikoni mbele ya kinu cha marehemu mama yake, anatwanga kama mtu anayelipiza kisasi. Nje theluji ilikuwa imegeuka tope. Mikono ilimuuma, lakini hakupumzika.

Kitoweo chenyewe ni kitu kidogo tu. Dagaa wa chumvi, siagi, makombo ya mkate, pilipili manga, kungumanga, basibasi, na pilipili kali ya kuonja kwa mbali. Unatwanga mpaka mwiba haujulikani ulipokwenda, unashindilia kwenye kikopo cha udongo, juu unafunika kwa samli na kuiacha igande. Wengine hununua dukani. Akina Garrod, kule Suffolk, hawakuwahi kununua, na mama yao angeona aibu kufikiria. Nyumbani kwao kiliitwa kitoweo cha waungwana, na uungwana wenyewe ulikuwa kwenye kisu. Tosti iwe ya moto, siagi itangulie, halafu upake kitoweo kiasi cha kuonyesha kwamba umepaka, basi. Ukizidisha, chumvi inakukausha ulimi, na wenzako mezani wanakutazama kana kwamba umeingia na viatu vya zizini. Watu wa kwetu wanaweza kukusamehe mengi, lakini namna unavyopaka mkate wataikumbuka mpaka siku ya mazishi yako.

Mzee Lionel Garrod, daktari wa mifugo mstaafu, aliwafunza wanawe somo hilo kwa ubapa wa kisu kwenye vidole. "Hii si jemu!" alikuwa akisema, na Maurice, mdogo wake Hester, alilia mezani si mara moja.

Ndiyo maana Hester alikichagua kitoweo hicho. Saa kumi alasiri Maurice angekuja kunywa chai. Katika nyumba ya wazee kule Ipswich kitanda cha baba yao kilikuwa kimepatikana, na wenyewe wangekishikilia mpaka jioni ile tu.

"Nakuja nimwone kwa macho yangu," Maurice alimwambia kwenye simu. "Nikimkuta mzima, nawaambia wampe mwingine. Nikimkuta sivyo, naondoka naye leo hii. Na usiniambie amelala, Hester. Mwaka mzima kila nikipiga simu Baba amelala."

Ni kweli alikuwa amedanganya. Baba amelala, Baba yuko bustanini, Baba ana mafua. Hakutaka kusema kwamba Baba alikojoa kwenye kabati la nguo, wala kwamba alimkuta barabarani na mkoba wake wa dawa, miguu mitupu, akiulizia shamba ambalo mwenyewe alikufa zamani. Hester hakuwa na mume, hakuwa na mtoto. Alikuwa na huyu mzee, na alimpenda. Akichukuliwa, angebaki anapika chai ya mtu mmoja katika nyumba ya vyumba vitupu, na wazo hilo lilimtisha kuliko kufa.

Lakini mikono ya Mzee Lionel ilikuwa bado inakumbuka mambo ambayo kichwa kilishayatupa. Alikuwa akinyoa bila kujikata. Alikuwa akifunga tai. Na tosti yake aliikwangua kwa wepesi uleule wa zamani, mpaka mkate unaonekana chini. Maurice akiona hivyo ataridhika, Hester aliwaza. Ataona kisu tu na moyo wake utatulia.

Mzee aliingia jikoni akifuata harufu. Alitia kidole kwenye kinu, akaonja, akakunja uso.

"Basibasi umeionea choyo."

"Nimetia, Baba."

"Umetia! Umeipungia mkono tu. Mama yako atakusema wewe."

Hester aliketi juu ya pipa la makaa, aproni na yote, kwa furaha. Mama yako. Basi leo alikuwa anamjua. Akaongeza basibasi, naye mzee akaonja tena na kuitikia kwa kichwa kama zamani alipomaliza kushona ng'ombe na mshono ukakaa vizuri.

"Sasa hiki mtu atakula," alisema.

Maurice alifika akiwa amevaa koti la mjini, akambusu dada yake shavuni, akanong'ona, "Yukoje?"

"Kaone mwenyewe," Hester alisema, na kwa mara ya kwanza mwaka ule hakuwa anadanganya.

Mzee alikuwa amekaa sebuleni karibu na moto, nywele zimechanwa, tai imekaa sawa. Akainuka, akamshika Maurice mkono kwa nguvu. "Karibu, karibu. Barabara zikoje?"

"Mbaya, Baba. Tope tupu."

"Wakati huu lazima. Na wengi watapata kikohozi. Kaa karibu na moto."

Walikaa. Maurice alimtupia dada yake jicho la mshangao, na Hester akajishughulisha na birika ili uso wake usimchongee. Wakazungumza habari za baridi na bei ya makaa. Mzee alijibu kila jambo vizuri, tena kwa mzaha, maana maneno ya wageni hayana mtego. Mtu anaweza kuyasema miaka na asijulikane kama yumo ndani au hayumo.

Hester akaleta tosti, zimefungwa kwenye kitambaa zisipoe, na kikopo cha kitoweo. Akavunja samli kwa ncha ya kisu. Harufu ikapanda, ya dagaa na basibasi, na Maurice akacheka.

"Mungu wangu! Vidole vyangu vimeanza kuuma."

"Anza wewe, Baba," Hester alisema, akamsogezea.

Mzee Lionel alichukua kisu. Akakizamisha kwenye kikopo, akakitoa na bonge, akalibandika juu ya tosti. Akazamisha tena. Alipaka nene, kutoka ukingo hadi ukingo, kama mtu anayeziba ufa ukutani. Kisha akauma.

Kwa wengine mtu angepiga kelele, angemnyang'anya mzee ule mkate, angecheka au angelia. Kwetu mezani hakusemwi. Wote wawili walimtazama baba yao akitafuna chumvi, macho yakimtoka machozi, uso wake ukiwa na tabasamu la adabu, na Maurice akaweka kikombe chake chini polepole.

Ndipo Hester alipofanya ujinga wake. Alichukua tosti, akachota bonge kubwa kuliko la baba yake, akapaka.

"Siku hizi tunakipenda hivi," alisema. "Nene. Baridi hii mtu anahitaji kitu cha kushiba."

"Nene," alisema Maurice.

"Tumezeeka, tumekuwa washenzi. Sivyo, Baba?" Akauma. Chumvi ilimpasua mdomo. Akatafuna, akameza, akauma tena.

Maurice aliwatazama wote wawili. Halafu, polepole, uso wake ukalegea. Alitaka kuamini, maskini. Hakuna mwana anayefurahia kumfungasha baba yake. "Kweli mmekuwa washenzi," alisema, akacheka kidogo. "Na mimi nilipigwa kwa robo ya hicho!" Akanyoosha mkono achukue tosti yake. Hester alihisi pumzi inamrudia. Kipande cha tatu akakitia kinywani kwa shangwe.

Mzee Lionel akainama upande wa Hester. Alimgusa kiwiko, akanong'ona, lakini alikuwa na sikio zito, na mnong'ono wake ulisikika chumba kizima.

"Usijilazimishe, mama. Kitakuumiza tumbo."

"Baba?"

"Tia kwenye leso, mwenye nyumba asione. Mimi changu kimeshaingia mfukoni." Akafungua mfuko wa koti kidogo amwonyeshe, kipande cha tosti kilikuwa mle, kimeumwa, siagi inapenya kwenye kitambaa. "Wamama wa mashambani wana roho nzuri, lakini mapishi! Mtu unakula kwa heshima. Usimkatishe tamaa."

Kisha akajiweka sawa, akamgeukia Maurice kwa sauti ya kazi.

"Ng'ombe wako atapona, bwana. Usimpe maji baridi tu. Sasa nitaomba mtu anirudishe nyumbani. Giza linaingia, na nina binti."

Mkono wa Maurice ulikuwa bado juu ya tosti. Akaurudisha.

"Ninalo gari nje," alisema. Sauti yake ilikwaruza. "Nitakurudisha mimi, daktari."

"Utanifaa sana."

Hester alimfuata Maurice ukumbini, mdomo unawaka. "Asubuhi alinijua. Naapa, Maurice, alinijua! Alimtaja Mama, alisema basibasi haijatosha—"

"Sikatai."

"Ngoja mpaka kesho. Kesho atakuwa mzuri."

"Kesho kitanda hakipo. Umekonda, Hester, umejiona kwenye kioo?" Alimshika mabega. "Haya, mwambie. Mwambie wewe ni nani. Akikujua sasa hivi, namwacha."

Mzee alikuwa anakuja, anapapasa ukuta, anatafuta kofia yake. Hester alifungua kinywa. Krismasi iliyopita alikuwa amemwambia: mimi ndiye Hester, Baba, nitazame. Mzee akamtazama, akaanza kutetemeka, akalia kwa sauti ambayo hakuwahi kuisikia kwa mtu mzima. Hester wangu ni mtoto, alisema, mmempeleka wapi? Alimtafuta chini ya vitanda mpaka kulipokucha. Sasa alikuwa ametulia, uso umekunjuka, mtu aliyemaliza kazi ya siku.

Hester akafunga kinywa. Alimvalisha koti, akamfunga vifungo kuanzia chini, akamzungushia skafu. Alitoa ile tosti mfukoni, naye mzee akatazama pembeni kwa haya, sasa akimdhani ndiye mwenye nyumba.

"Samahani, mama. Kilikuwa kitamu, ila nilishakula shamba la pili."

"Najua, daktari. Si kitu."

"Mume wako mtu mwema. Na wewe umetukirimu." Alinyanyua kofia, akainama kidogo, kama alivyowafanyia wake za wakulima wote wa wilaya ile kwa maisha yake yote. Hester aliwahi kuwaonea wivu wale wanawake.

Alimshika mkono kwenye ngazi, maana kulikuwa na utelezi. Maurice alimkalisha mbele, akamfunika magoti kwa blanketi, akarudi upande wa pili bila kumtazama dada yake. Gari likakataa kuwaka, likakataa tena. Mzee Lionel aliteremsha kioo, akatazama mbingu, akasahau kukipandisha.

"Tuharakishe basi, bwana," alimwambia Maurice. "Binti yangu hali chakula mpaka nirudi."

Hester alisikia kila neno. Gari likawaka, akasogea kando ya njia lipite.