Mgane wa Mke Aliyemwacha

Dada yangu alimpa mume wake wa zamani jina la Bwana Harusi, kwa sababu kesi ya talaka ilikuwa bado inaendelea naye ameshakwenda kwa fundi kupimwa suti. Mpaka leo namwita hivyo. Dada nimemzika, jina hilo sikuona sababu ya kulizika.

Ugomvi wao ulikuwa bekari. Dada aliijenga nyuma ya nyumba yao: tanuri la matofali, meza ndefu ya kukandia, rafu za kupozea mikate. Mchango wa Bwana Harusi ulikuwa kuwashia sigara kwenye makaa na kuwaambia wateja, "Karibuni kwangu." Walipoachana alibadilisha kufuli. Dada na binti yake wakahamia jiko la kupanga, dogo kiasi kwamba mmoja akitaka kugeuza trei, mwingine atoke nje kwanza.

Dada akafungua kesi ya madai kudai bekari yake. Siku ya kwanza tu, wakili wa Bwana Harusi akaweka pingamizi.

"Mheshimiwa, mambo haya yalikwisha. Ndoa ilivunjwa mbele yako. Kama mdai alikuwa na mali, angeidai siku ile ile. Hawezi kuturudisha hapa kila akikumbuka sufuria."

Watu wakacheka. Bwana Harusi alicheka kuwashinda wote, mpaka hakimu, mama mmoja mwenye sauti ya chini sana, akavua miwani.

"Wakili, siku ya talaka ni nani aliyeomba suala la mali liwekwe kando?"

Wakili akaanza kupekua jalada lake.

"Usijisumbue, nilikuwepo. Ulisimama hapo hapo ulipo. Ulisema mteja wako ana haraka, kugawana mali kutamchelewesha, na kila mmoja abaki na haki yake ya kudai baadaye. Nikakubali, nikaiweka kwenye hukumu. Sasa hiyo baadaye imefika, unaishangaa?"

"Mheshimiwa, tulimaanisha baadaye ya kuzungumza kifamilia."

"Mama," hakimu akamgeukia dada, "wewe ulielewaje?"

"Nilielewa kama tunavyofanya kazini, Mheshimiwa. Nikiweka unga kando uumuke, sijautupa."

Hakimu akaandika kwa muda, kisha akasoma. Kilichoamuliwa kwenye kesi ya kwanza ni ndoa. Mali haikuguswa, tena iliachwa makusudi, kwa ombi la huyu huyu anayelalamika. Kwa hiyo kesi ya pili inaruhusiwa. "Sijasema bekari ni ya nani," akaongeza. "Nimesema mnaruhusiwa kuja kuuliza."

Nje, kwenye korido, Bwana Harusi alinifuata mimi badala ya dada.

"Shemeji, mwambie dada yako asijichoshe. Mimi na yeye tulishamalizana. Hatudaiani hata salamu."

Dada alikuwa nyuma yake. "Basi nipe ufunguo, tumalizane vizuri."

"Unaona anavyoongea?" akaniambia.

"Namwona tangu mdogo," nikamjibu.

Tulicheka njia nzima kurudi nyumbani. Nimeandika haya hasa kwa ajili ya njia ile, kwa kuwa wiki iliyofuata moyo wa dada ulisimama akiwa mezani anakanda, na mpaka binti yake anatoka kunipigia simu, yote yalikuwa yamekwisha.

Msibani Bwana Harusi alikuja na suti ile ile. Alilia kutokea getini. Akapitiliza mpaka kiti cha mbele, akakaa, akaanza kupokea pole za watu kama zimeletwa kwake.

"Mimi ndiye mgane," alimwambia kila aliyempa mkono. "Mahakama ilitutenganisha kwa karatasi tu. Kimoyo alikuwa mke wangu. Kila changu kilikuwa chake."

Wazee wakatikisa vichwa kwa huruma. Binti wa dada, aliyekuwa akigawa maji, akasimama mbele yake na jagi.

"Baba, na bekari?"

Akaomba maji.

Siku ya kesi Bwana Harusi hakutaka kuingia ndani, alibaki kwenye korido. Binti alikuja kuomba ashike nafasi ya mama yake, maana dai la mali halifi pamoja na mwenye dai. Wakili akasimama kabla yetu.

"Mheshimiwa, tunaomba shauri liahirishwe. Mteja wangu hayuko katika hali nzuri. Amefiwa na mke."

Hakimu akamtazama kwa utulivu. "Mke yupi?"

Mke mpya wa Bwana Harusi, aliyekuwa amekaa benchi la nyuma, mzima wa afya, pochi magotini, akainua uso.

"Nauliza," hakimu akaendelea, "kwa sababu huyu wa kwenye jalada mlinithibitishia kwamba mteja wako hana kilichobaki naye."

Wakili akakohoa. Mimi niligeuka kushoto ili tutazamane na dada, kama tulivyozoea mtu akinaswa, nikakuta binti yake ananitazama, amebana midomo asicheke.

"Hakuna kuahirisha," hakimu akasema. "Binti, sogea mbele. Tuanze na tanuri. Nani alilijenga?"