Alimgusa Malkia

Siku Grandmasta aling'olewa jino, alirudi nyumbani adhuhuri na pamba mdomoni, ganzi imemkamata kuanzia midomoni hadi sikioni, akaketi mezani bila kusema neno. Mkewe, ambaye mtaa mzima ulimwita Mama Pacha, alikuwa amemkorogea uji. Grandmasta akanyoosha mkono achukue mkebe wa sukari. Alipougusa tu, mkebe ukateleza juu ya kitambaa cha meza, ukaenda moja kwa moja hadi ukingoni, ukasimama. Akashika kiti cha pembeni akisogeze apate nafasi ya miguu. Kiti kikaenda hatua mbili mbele na moja kando, kikatua chini ya dirisha.

Mama Pacha hakushangaa. Alishuku.

Katika sataranji kuna sheria: ukigusa kete yako, huna budi kuicheza. Kama imekaa upande na unataka kuinyoosha tu, sharti useme kwanza, "Narekebisha." Usiposema, umecheza, na ulie usilie. Grandmasta alisema neno hilo kwa kila kitu. Alisema kabla ya kushika kijiko, kabla ya kufungua kabati, kabla ya kumgusa mkewe begani. Watu walisema ndizo akili hizo, zikizidi humwagika. Wanafunzi wake wakaanza kumwiga, wakawa wanasema narekebisha hata wakifunga kamba za viatu. Mama Pacha alikuwa amelizoea neno lile kama mke anavyozoea mkoromo.

"Baba Pacha," alisema, "mbona kiti kimeondoka?"

Grandmasta akaonyesha shavu lake lililovimba. Hawezi kuongea. Lilikuwa jibu la kweli, na ndiyo maana Mama Pacha hakuliamini.

Mchana ule hakumpa nafasi ya kupumua. "Nishikie sahani hii." Sahani ikaenda zake. "Hebu nipe huo mto." Mto ukavuka sebule kwa mshazari na kujibana kwenye kona. Grandmasta alikuwa akimtazama kwa macho ya mtu aliyekamatwa na embe la jirani, lakini mume hawezi kumkatalia mkewe mto, atasema nini? Jioni ganzi ilipoisha, neno lilirudi, na vitu vikatulia mahali pake. Mama Pacha alikwenda kulala akiwa amempa mgongo.

Asubuhi akajifunga mtandio, akaenda kwa kaka yake.

Kaka yake alikuwa fundi cherehani. Kibaraza chake kilitazamana na ukumbi wa chama cha sataranji, ukumbi ambao hakuruhusiwa kukanyaga. Zamani yeye na Grandmasta walikuwa chanda na pete, wakifundishana kwenye ubao mmoja, mpaka siku ya mchezo wa mwisho, ambao mshindi wake ndiye angekuwa grandmasta wa kwanza nchini. Grandmasta akashinda. Fundi akasimama akasema, "Alimgusa malkia." Mwamuzi akasema hakuona. Fundi akarudia mbele ya watu wote, na chama kikamfungia kwa kosa la uzushi, hadi siku atakayokuja mbele ya kamati kuomba radhi. Hakwenda. Wasiojua sataranji walilichukua neno lile walivyolisikia, na kwa kuwa mtaa wa pili palikuwa na msusi aliyeitwa Malkia, Mama Pacha nusura akamng'oe nywele mwanamke wa watu asiye na kosa. Alipoeleweshwa kwamba ni malkia wa mbao, alicheka kwa kupata nafuu, na nafuu ile ikamfanya amwamini mumewe.

"Kaka," alisema sasa, "siku ile aligusa nini hasa?"

Fundi hakuinua uso. "Leo ndiyo umekuja kuuliza? Si ulisema nina wivu?"

"Nilisema. Sasa nauliza."

"Alimshika malkia kwa vidole viwili. Akaona akimsogeza ataliwa na kete yangu ya askofu. Akaondoa mkono, akajikuna sikio, akasogeza mfalme." Akajaribu kutunga uzi kwenye sindano, ukapita kando. Macho yake yalikuwa yameanza kuona sindano mbili. "Nilitaka tu nicheze ubingwa mmoja kabla sijawa kipofu, dada. Mmoja tu. Wala si lazima nishinde."

Mama Pacha aliumia. Aliumia kwa ajili ya kaka yake, na zaidi kwa sababu mumewe alikuwa amelala kitandani kwake miaka yote hiyo na uongo wake kama mtu wa tatu.

"Nikileta ushahidi je?"

"Ushahidi gani? Malkia hana mdomo."

Jumamosi chama kilimfanyia Grandmasta sherehe. Mwamuzi wa siku ile sasa ndiye aliyekuwa mwenyekiti, na alisoma sifa kwa sauti ya kupendeza: nchi alizokwenda, mabingwa aliowafunga, sare aliyoitoa na mtu ambaye hakuwahi kukosa kushinda, watoto aliowafundisha wakawa walimu. Yote yalikuwa kweli, na hilo lilimkera Mama Pacha kuliko kama yangekuwa uongo. Jukwaani waliweka meza na ubao uleule, kete zimepangwa kama zilivyokuwa, ili Grandmasta awaonyeshe watu ile hatua maarufu ya mfalme.

"Narekebisha," alisema Grandmasta kwenye kipaza sauti, kisha akakishika. "Narekebisha," akavuta kiti.

Mama Pacha akasimama. "Nina swali."

"Uliza, shemeji," alisema mwenyekiti.

"Nataka kujua habari za malkia. Siku ile walisema aliguswa."

Ukumbi ukacheka. Grandmasta naye akacheka, ila sikio alilikuna. "Jamani, mke wangu anaanza sataranji uzeeni! Haya, mama, tazama vizuri." Akanyoosha mkono. "Malkia huyu," akasema, na kidole akakiweka juu ya taji lake, "mimi sikumgusa kabisa."

Alikuwa amesema maneno mengine mahali pa lile neno lake.

Malkia akaondoka. Alikwenda taratibu kwa mshazari, akisikika kidogo kwa sababu kipaza sauti kilikuwa karibu, akapita miraba miwili mitupu, akasimama mbele ya askofu wa Fundi. Watu wa ukumbi ule walikuwa wachezaji, kwa hiyo hakuna aliyepiga ukelele. Waliinamisha vichwa wakapiga hesabu.

"Hapo analiwa," alisema bibi mmoja wa mstari wa mbele.

"Analiwa, na mchezo umekwisha," alisema jirani yake.

Mwenyekiti akavua miwani, akaifuta, akaivaa. Alisema ukumbi umeona, naye ameona, na malkia aliguswa, hakuna ubishi. Lakini sheria ya pingamizi inajulikana. Pingamizi lilitolewa siku ileile, likasikilizwa na mwamuzi, likakataliwa, na mwamuzi huyo alikuwa yeye mwenyewe, sasa yeye ni nani ampinge mwamuzi? Matokeo yanabaki yalivyo. Watu wakapiga makofi, kwa kuwa ilikuwa imeelezwa vizuri. Grandmasta akasema narekebisha, akapokea kombe.

"Na kaka yangu?" aliuliza Mama Pacha.

"Mlango uko wazi, shemeji, haujawahi kufungwa. Atimize tu yale yaliyoamuliwa."

Mama Pacha hakungoja soda. Alivuka barabara. Fundi alikuwa ameacha kazi, mikono iko magotini, kwa sababu alikuwa amesikia makofi.

"Malkia ameondoka mwenyewe, kaka. Watu wote wakiona."

"Alikwenda wapi?"

"Mbele ya askofu wako."

Fundi akafumba macho. Vidole vyake vikatembea juu ya meza ya cherehani, hatua moja, ya pili, ya tatu, kisha vikatulia. "Ningemla," alisema. "Ningemla na angeinuka anipe mkono." Akacheka mpaka machozi yakamtoka, akajipangusa kwa kipande cha kitambaa cha mteja. "Alhamdulillahi. Basi nimefunguliwa."

"Wanasema mpaka uombe radhi."

"Radhi ya nini?"

"Ya kusema alimgusa malkia."

"Lakini alimgusa."

"Wanajua, kaka. Wote wanajua."

Fundi akageukia kazi yake. Akachukua uzi, akautia mate, akakosa tundu la sindano mara mbili, na Mama Pacha akaupokea akamtungia. Mteja mmoja alipita akauliza kama suruali yake iko tayari, akaambiwa bado kidogo.

"Hiyo kamati," alisema Fundi, mguu ukiwa tayari kwenye pedali, "inakaa siku gani?"