Barua ya Wilfred Ormerod

Nilipokuwa Bolton, Uingereza, nilishika kazi ya vifaa katika jumba la maigizo lililobadilisha tamthilia kila Jumatatu. Bastola, vikombe, barua, vyote vilikuwa mikononi mwangu. Waigizaji walikuwa wakikariri ya wiki ijayo huku wakicheza ya wiki hii, kwa hiyo hakuna aliyekariri kitu kinachoweza kusomwa. Barua niliiandika nzima kwa herufi kubwa, mwigizaji akaifungua, akaisoma. Hata Bi Enid, aliyekaa pembeni na kitabu kuwanong'oneza waliosahau, barua ikifunguliwa alikwenda kuweka birika motoni.

Wiki ile barua ilikuwa ya Wilfred Ormerod, aliyecheza baba anayesoma maneno ya mwisho ya mwanawe aliyezama. Wilfred alikuwa na miaka hamsini na miwili, na thelathini kati ya hiyo alicheza watumishi wa kufungua milango. Sasa alikuwa anawaliza watu. Habari zikafika London, na Alhamisi, onyesho la mchana, mwongozaji wa sinema akaja kumtazama. Alitaka mtu wa kucheza jaji.

"Nikiipata hii," Wilfred aliniambia akijipaka rangi, "sifungui mlango tena mpaka nife. Hata wa kwangu. Mke wangu Mavis atanifungulia."

Lionel Haddow, ambaye jina lake ndilo lililokuwa juu kwenye mabango, alikuja mezani kwangu. Sinema ilikuwa imemjaribu mara mbili ikamtema.

"Nipe karatasi tupu, inayofanana na ile ya barua."

"Ya nini, Bwana Haddow?"

"Utani tu. Wilf amekauka mno siku hizi."

"Utani ni Jumamosi, siku ya kufunga. Leo Alhamisi."

"Basi leo tufanye Jumamosi, Cyril."

Nilijua anachokitaka. Nikampa. Wilfred hakuwahi kuniita kwa jina langu.

Wilfred akafungua bahasha mbele ya watu mia nne. "Baba mpenzi," akasema, maana hilo nani asiyelikumbuka. Halafu basi. Akageuza karatasi upande wa pili. Akatazama pembeni, kiti cha Bi Enid kitupu. Mwingine angeibana karatasi kifuani akalia, mambo yakaisha. Yeye akarudia, "Baba mpenzi," na huko viti vya juu mwanamke mmoja akacheka.

Haddow, aliyecheza kasisi, akamwendea polepole na kumshika bega.

"Nipe mimi, rafiki yangu. Machozi hayakuachi uone."

Akaisoma barua yote kutoka kwenye karatasi isiyo na kitu, asiruke neno. Alikuwa ameikariri tangu Jumatatu. Alipofika kwenye baridi ya maji alinyamaza kidogo, na vitambaa vikaanza kutoka mikobani. Hata mimi nililia, na barua yenyewe iko mfukoni mwangu.

Pazia liliposhuka Wilfred alisema kwa sauti ndogo, "Uliijua yote, Lionel."

"Sasa wewe uliyepewa, kwa nini hukuijua?"

Mwongozaji akaja nyuma ya jukwaa, kofia mkononi. Akamshika Haddow mkono, akamuuliza kama Machi ana nafasi. Kisha akamgeukia Wilfred.

"Na wewe, kule kushindwa kusoma. Umekucheza vizuri sana. Niliamini kabisa."

"Ahsante, bwana," Wilfred akasema.

Haddow alicheza jaji yule, na baada yake majaji wengine saba na askofu mmoja, labda mmemwona.

Nilimrudishia Wilfred barua yake kabla ya onyesho la jioni, akaikunja vizuri ndani ya bahasha. Ndipo meneja akapita akifuta miwani.

"Ile ya mchana imekaa vizuri zaidi," akasema. "Asome kasisi. Wewe Wilf fungua tu, sema baba mpenzi mara mbili, ushindwe."

"Mpaka lini?"

"Mpaka Jumamosi, mzee. Si tamthilia inakwisha Jumamosi?"

Akashindwa usiku ule, na Ijumaa, na Jumamosi mara mbili.