Msuko wa Chumba cha Pasi

Katika kiwanda kile kikubwa cha udobi, mashine nane za pasi zilinguruma kutwa kucha mpaka mtu hasikii hata chafya yake mwenyewe. Ndiyo maana wanawake wa pale walibuni msuko: mdomo unasimulia hadithi moja, vidole vinagonga ya pili mezani, mguu unapiga ya tatu sakafuni, zote kwa pamoja. Midomo inasomwa, vidole vinaonekana, na mguu unausikia kwa nyayo zako.

Wageni hawaamini. Shauri yao. Shangazi, mkuu wa wapiga pasi, aliwahi kusuka msiba wa mumewe, kesi ya mbuzi wa jirani na namna ya kutoa doa la wino, vyote kabla shuka moja halijakauka. Mkunjaji mmoja wa mashuka akacheka kwa jicho la kulia, akalia kwa la kushoto, na doa likatoka.

Lakini Jumanne ile Shangazi hakuwa na mzaha. Mashine namba nne ilikuwa imembana mpwa wake, binti wa kaka yake, ikamuunguza mkono hadi kwenye kiwiko. Binti alikuwa bado amelazwa, na Meneja tayari ana karatasi iliyopigwa chapa: uzembe wa mfanyakazi. Ilibaki sahihi ya shahidi tu, binti afukuzwe kazi.

"Karibu, mama," Meneja akamwambia Shangazi alipoingia ofisini. "Swali langu dogo. Aliingiza mkono mwenyewe, au hakuingiza?"

"Aliingiza," mdomo wa Shangazi ukasema. Hapohapo vidole vikagonga mezani: kitufe cha kuzimia mashine kilikufa mwezi uliopita, tukakwambia mara tatu. Na mguu ukapiga: ni wewe uliyemwamuru achomoe shuka lililokwama, la sivyo aende zake nyumbani.

Karani, aliyekaa pembeni, akaandika "Aliingiza", kisha kalamu ikasita. Mama yake alikunja mashuka humo miaka ishirini. Msuko aliunyonya pamoja na maziwa.

"Umeandika?" Meneja akamuuliza.

"Theluthi yake, bosi."

"Mama, acha kuniharibia meza. Sema kimoja."

"Kimoja ni uongo, mwanangu. Ukipeleka ukucha sokoni ukasema ndiye kuku, watakupiga."

"Nitakufukuza na wewe."

"Nifukuze. Magoti yangu yameniomba hivyo miaka kumi, nayo yana adabu kukuzidi. Ila sahihi hupati, wala dole gumba. Muulize mwingine, kama yupo humu anayejua kusema kimoja."

Meneja akaona anachezewa. Akawaita mmoja mmoja. Akaja mkunjaji, akaja mtoa madoa, akaja fundi wa boila la mvuke na spana yake. Kila mdomo ulisema "aliingiza", kwa heshima zote, na kila mguu ukamtaja Meneja. Hakuna aliyetoka, walibanana ukutani wakaendelea kusuka. Alipofika wa sita, sakafu ilitetemeka, bilauri ya maji ikatembea yenyewe mpaka ukingoni mwa meza.

"Mashine ilikuwa salama," Meneja akasema kwa sauti ya juu. "Salama kabisa."

Chini ya meza kiatu kikaanza: ko, ko-ko, ko.

"Nani anagonga?"

"Ni wewe, bosi," Karani akasema.

Meneja akalikamata goti lake kwa mikono miwili. Wapi. Maskini hakujua kusuka, lakini miaka saba juu ya sakafu ile mguu ulikuwa umejifunza bila ruhusa yake. Nilijua kitufe kimekufa, mguu ukasema. Fundi alitaka kuizima mashine nikamkatalia. Niliogopa wakubwa wataniuliza mashuka yamechelewa kwa nini.

Karani akaandika yote, ulimi nje, mpaka ukurasa ukajaa.

Shangazi akausoma polepole, akatia sahihi, akamsukumia Meneja kalamu.

"Mguu wako umeshatoa ushahidi. Usiuaibishe mkono."

"Na nikikataa?"

"Mashine zote nane nimezizima kabla ya kuingia humu," fundi wa boila akasema. "Sina haraka."

Kweli, nje kulikuwa kimya. Nzi alisikika akitembea kwenye kioo cha dirisha. Meneja akaitazama karatasi, akawatazama, akatia sahihi kwa herufi ndogo kama za mtu anayejificha.

"Bado," Shangazi akasema, wala hakuinuka kitini. "Andika hapo chini kwamba nafasi ya binti inamngoja mpaka apone. Kwa herufi kubwa."